Viraka ya Twalibu

Kama umeisha kupita Buyenzi asubuhi, upande ile ya mafundi, ukasikia mutu anatukana wauza esansi kwa sauti ya muadhini, basi umeisha kumujua Twalibu. Sauti yake inatangulia, tumbo inafuata, mwenyewe anakuja nyuma.

Mi na yeye tunakaa ku baraza moja, huu mwaka wa kumi na tisa. Mi nashona viatu, yeye anatengeneza bidoni. Ile bidoni ya njano, ya lita makumi mbili, kila nyumba ya Bujumbura iko nayo. Ikipasuka watu hawaitupe, wanamuletea Twalibu. Anakata kipande ya bidoni ingine iliyokufa, anaipasha na chuma ya moto, anaibandika ku tundu, kisha anapitisha ncha ya kijiko kandokando mupaka inashikana. Kijiko ile inaacha alama kama meno ya kitana. Ukiona kiraka yenye meno, hata ukiwa Musaga, hata Mutanga Nord, ujue ni mukono wa Twalibu.

Sasa, petroli, ile esansi, ilipoanza kupotea ku stasioni, magari ikawa inalala foleni siku mbili, siku tatu, ndio sauti ya Twalibu ikapata kazi. Juu esansi haikupotea, ilihama tu. Ilikuwa inavuka kutoka Uvira, inaingia mu vyumba vya watu, inauzwa kwa chupa. Na kuna nyumba moja iliungua, si mbali na sisi. Watu walitoka wazima, lakini kitanda, makabati, na nguo ya harusi ya binti, yote ilikuwa majivu. Tangu siku ile Twalibu hakunyamaza tena.

“Mutu anaeka esansi mu nyumba yenye watoto, huyo si mufanyabiashara! Ni muuaji! Muuaji mwenye leso na tabasamu!”

“Kweli kabisa, mzee Twalibu,” watu wanajibu.

Na mi nasema kweli kabisa, sindano iko mu mukono, pikipiki yangu iko nyuma ya baraza imeshiba esansi ile ile. Ningefanya nini? Niisukume mupaka Rumonge?

Ku mukutano wa quartier ndio alijimaliza. Chef, mukubwa wa mutaa, aliuliza nani iko na wazo, Twalibu akasimama, akafunga kifungo ya kanzu.

“Musikamate mwenye kuuza peke yake! Mwenye kubeba, mwenye kuficha, mwenye kuwasaidia kwa namna yoyote, wote wafungwe kamba moja!”

Watu wakapiga makofi. Chef akaandika juu ya pakiti ya kahawa, maana hakuwa na daftari siku ile. Mi nilikuwa naangalia viatu vya Twalibu. Nilivishona mi mwenyewe, lakini siku ile niliviangalia tu ili nisimuangalie usoni.

Juu mi nilikuwa najua. Bidoni ya maji haina harufu. Na zile zilizokuwa zinakuja kwake mwaka ule, mutu alikuwa anaisikia tangu ikiwa ku kona ya barabara. Yeye alikuwa anageuza kichwa, anabana pumzi, kisha anamuuliza mwenye kuleta:

“Ni ya maji?”

“Ni ya maji, papa.”

Basi. Mahojiano imekwisha. Anaiosha na Omo, anaiacha juani siku mbili mufuniko wazi, juu chuma ya moto na harufu ile hawapatane. Mara moja hakusubiri siku mbili, moto ikaruka. Nyushi yake ya kushoto ilipotea mwezi muzima, akawa anaambia watu ni muke wake alimumwagia chai.

“Twalibu,” nilimuuliza, “pua yako ilikufa lini tuje ku matanga?”

“Mi natengeneza plastiki, Djibril. Plastiki haina dini.”

Ndio Dorothée akaja. Huyu ni mama wa Uvira, mwili mudogo, haraka mingi, anatembea kama mutu ameacha chungu ku moto. Mi mwenyewe nilikuwa nanunua kwake. Alileta bidoni kumi na moja kwa mara moja, zote zimepasuka chini, juu huko njiani zinaburutwa.

“Papa Twalibu, unifanyie haraka. Batu banangojea.”

“Ni ya maji?”

“Maji ya nini tena? Eh, ndiyo, papa. Ni ya maji.”

Shida ni kwamba plastiki ya njano ilikuwa imekwisha. Wakati ule hata bidoni iliyokufa watu walikuwa wanaifufua, hakuna aliyekuwa anaitupa. Twalibu akaenda kwake, akachukua besani nyekundu ya muke wake iliyopasuka, akaikata viraka kumi na moja. Na hapa ndipo kosa ilipo, na ni fundi tu anaweza kuifanya akijua. Plastiki ya besani na plastiki ya bidoni hazishikane. Unaziona zimeshikana, lakini ni kwa macho tu. Ukitia maji, itakaa kidogo. Ukitia esansi, inalamba kandokando pole pole, siku ya nne siku ya tano kiraka inainuka kama gamba ya kidonda.

“Hizi zitaachia,” nilimwambia.

“Amesema ni ya maji.”

“We umesikia maji gani inanuka hivi?”

“Djibril. Shona viatu.”

Nikashona viatu. Dorothée akapakia bidoni yake, nyekundu imewaka chini kama matako ya nyani, akaenda. Ilikuwa Jumapili.

Lazima nikuambie pia habari ya Lubna. Lubna ni binti ya Twalibu, wa pekee, aliolewa Musaga. Miaka tisa bila mutoto. Tisa! Mama mukwe wake, Bi Sijaona, aliisha kuzunguka kwa waganga na kwa madaktari, wote wamemulia pesa. Kisha mwaka ule Mungu akafungua, akazaliwa Houda, mutoto wa kike mwenye kilo mbili na nusu na sauti ya babu yake. Twalibu alitembea baraza nzima anaonyesha picha mu simu, hata wateja wangu wenye haraka walishikwa.

Na kwetu, mwanamuke akizaa anakaa ndani siku makumi ine. Hatoke, mutoto hatoke. Asubuhi na alasiri wanaeka makaa mu chetezo, wanatupa ubani, moshi inazunguka mama na mutoto. Bi Sijaona ni mutu wa kufuata ile sheria mupaka mwisho. Siku makumi ine kwake si makumi tatu na tisa. Ijumaa iliyofuata, siku ya tano ya viraka, ilikuwa siku ya kumi na tisa ya Houda. Twalibu alitoka musikitini, akanunua ubani ya bei, ile ya kweli, akapanda basi kwenda kumuona mujukuu.

Kama saa tisa simu yangu ikalia. Sauti ilikuwa ndogo sana, nilifikiri mutu ameokota simu ya Twalibu.

“Djibril. Kuja Musaga. Kwa Lubna.”

“Kuna nini?”

“Kuja na turnevisi, ile bisibisi yako. Usije na nyundo. Umesikia? Hakuna kitu ya kugonga.”

Nilipanda pikipiki, na niliendesha kama wazimu. Ile pikipiki ilikuwa inatembea na esansi ya Dorothée, mi sikuwaza hiyo mbele ya kufika.

Parseli ya kina Lubna, kiwanja moja ya wapangaji, iko na milango sita mu safu moja, bati moja juu ya wote. Na kuta haifike ku bati. Mutu akikohoa chumba ya kwanza, wa chumba ya sita anamujibu pole. Nilimukuta Twalibu kando ya mulango wa parseli, kanzu imelowa jasho, anashika ukuta.

“Niliinama kumubusu mutoto,” akaniambia. “Nikaisikia harufu. Inapita juu ya ukuta. Nikatoka, nikachungulia ku dirisha ya jirani. Kuna tundu mu ubao. Djibril, nimeona nyekundu.”

“Nyekundu ya nini?”

“Usiniulize kama mujinga! Nyekundu na meno!”

Nikaenda nikachungulia mi pia. Ndani kulikuwa na giza, godoro, na bidoni zimepangwa. Ya mbele nilitazama chini yake: kiraka imeinuka kona moja, na kona ile ilikuwa inang’aa, imelowa. Harufu ikanipiga mu macho. Mulango iko na kufuli ya ukubwa wa ngumi.

“Dorothée anakodi hapa?”

“Tangu mwezi uliopita, wanasema. Haishi hapa, anaeka vitu tu. Ameenda Uvira. Simu yake haipite.”

“Basi waambie watu.”

Akageuza kichwa. Mbele yetu, hatua ine kutoka mulango ile, mama Chance, Mukongomani mumoja munene wa chumba ya pili, alikuwa anakaanga mandazi ku jiko ya imbabura. Makaa nyekundu. Mafuta inalia. Anatuangalia na kucheka.

“Ba papa, munachunguliaka nini? Huyo mama haikoko, alisafiri!”

“Tunaangalia dirisha, mama,” nikasema. “Dirisha muzuri.”

Twalibu akanivuta shati.

“Nimemwambia Lubna twende Buyenzi. Nimesema mama yake anamutaka mutoto. Amekataa. Bi Sijaona amenitukana, amesema siku kumi na tisa natoa mutoto kama kuku wa soko. We unisaidie, wewe unajua kusema uongo. Tumutoe Lubna na mutoto kwanza. Kisha tutaona.”

“Na huyu wa mandazi? Na milango ile ingine?”

“Kwanza Lubna.”

“Twalibu!”

“Nikisema, wataniuliza nimejua aje!” Akaangalia mulango wa Lubna. “Watamushika Dorothée, Dorothée atasema nani alimufungia bidoni. Kamba moja, Djibril. Mi ndio nilisema kamba moja, mbele ya watu wote.”

Bati ikalia juu, ta! Ni jua tu, bati inalia hivyo ikipata joto. Lakini tuliruka sisi wawili kama watoto. Nikawa nahesabu hatua mu kichwa: kutoka imbabura mupaka mulango, ine. Kutoka mulango mupaka kitanda ya Lubna, ukuta tu. Nilitaka kukimbia. Nasema kweli. Pikipiki ilikuwa karibu, funguo iko mu mukono, na hakuna mujukuu wangu pale.

Ndio mulango wa Lubna ukafunguka, akatoka Bi Sijaona na chetezo.

“Mama Chance, nipatie makaa mbili tatu. Alasiri inafika. Leo tuko na ubani ya maana, babu ameleta.”

Mama Chance akachukua koleo, akatia makaa mu chetezo, moja, mbili, tatu. Bi Sijaona akapuliza. Cheche ndogo zikapanda. Akageuka kurudi, na njia ya kurudi inapita mbele ya mulango ile yenye kufuli, na chini ya mulango ile, sasa niliona, simiti ilikuwa imebadilika rangi.

Nilimungojea Twalibu apige kelele. Mutu mwenye sauti ile, aliyeamsha quartier nzima miaka yote. Alifungua kinywa. Hakuna kitu. Ilitoka hewa tu, kama mupira umetobolewa.

Basi akakimbia. Tumbo na yote. Akamufikia Bi Sijaona, akatia mukono ndani ya chetezo, mukono mutupu, akashika makaa. Akaishika! Akageuka nayo mupaka ku ndoo ya maji ya mama Chance, akazamisha mukono. Ikalia tsss. Bi Sijaona alikuwa amebaki na chetezo mutupu, anamuangalia kama mutu amepandwa na pepo.

“Zima moto,” Twalibu akasema, na sauti ilikuwa ya kuvunjika. “Zimeni yote. Mule ndani kuna esansi. Inavuja.”

“Yesu!” mama Chance akashusha karayi ya mafuta, akamwaga ndoo nzima ku imbabura, makaa ikaogelea. “Nani amekuambia?”

Hapa angeweza kusema harufu. Harufu ilikuwepo, ingetosha. Mi nilikuwa namuombea aseme harufu.

“Bidoni zile mi ndio nimezifunga. Nilijua ni ya nini. Na nilijua viraka haitakaa. Tokeni. Tokeni wote.”

Watu walitoka, watoto, wazee, mumoja na sufuria ya maharagi. Lubna akatoka siku ya kumi na tisa, Bi Sijaona amemufunika na vitenge viwili kama mutu anayeibwa, Houda ndani analia. Akipita mbele ya Twalibu, Bi Sijaona hakuinua sauti.

“Ulituletea ubani, Twalibu. Na esansi ni yako pia. Ulisahau tu kiberiti.”

Kugonga kufuli haiwezekani, chuma juu ya chuma inatoa cheche. Kazi ya Twalibu yote ni moto, hakuna chombo yake hata moja ingetusaidia. Nikachukua turnevisi, mama Chance akanipatia maji ya sabuni, nikawa namwagia visi za komeo kisha nazungusha pole pole. Ine. Ya tatu ilikuwa na kutu. Mukono wangu ulikuwa unateleza, turnevisi inaruka, kila ikiruka nafunga macho. Mama Chance alisimama pale pale anabeba uzito wa mulango ili isiburute chini. Nilimwambia aende kwa wengine. Akasema: “We fungua, papa. Nitakimbia tukishakufa.”

Ikafunguka. Sijawahi kusikia harufu ile, ilikuwa kama kunywa. Godoro ilikuwa imelowa upande moja mupaka ku ukuta, ukuta wa Lubna. Tukazitoa moja moja, tumezikumbatia kama wagonjwa, tukaziweka mbali kwenye upepo, juu yake magunia ya maji. Tatu viraka ilikuwa imeachia. Moja ilibaki mu mukono wangu, nyekundu, laini kama ngozi.

Mukubwa wa nyumba kumi wa pale akaja na vijana wake, akamwaga maneno mingi, akapakia bidoni. Zilipelekwa wapi, sikuuliza. Unaona, hata mi nimejifunza kutouliza. Twalibu aliandikwa jina na kuambiwa asubiri kuitwa. Mupaka leo anasubiri. Kila akipita mutu mwenye karatasi, anaacha kijiko.

Lakini si hiyo ndiyo ilimumaliza. Tulikuwa bado barabarani, Lubna amekaa juu ya jiwe ananyonyesha chini ya kitenge. Baba yake akakaribia, mukono umefungwa na kitambaa ya mandazi.

“Mutoto iko sawa?”

“Iko sawa.” Akainua macho. “Baba, ile habari ya mama ananitaka Buyenzi. Ungetutoa sisi wawili tu?”

Twalibu akaangalia mukono wake.

“Na mama Chance ungemuacha anakaanga?”

Lubna hakumungojea. Akageuka akatengeneza kitenge.

Ndio Twalibu akaniambia, pole pole: “Djibril, umehesabu?”

“Nini?”

“Mule zilikuwa saba. Mi nilifunga kumi na moja.”

Simu ya Dorothée ilipita Jumamosi asubuhi. Twalibu alieka sauti ya juu ili mi pia nisikie.

“Zile ine? Nilishauzishaka, papa, na esansi yake ndani. Batu ba magari. Mbili, benye kununua sibajue, balikuwa barabarani tu. Moya Mutanga Nord, kwa mutu wa kipara. Moya Kinindo, mulango wa bleu, karibu na ziwa. Juu ya nini? Papa? Allo?”

Siku ya sita ilikuwa imefika. Nikamupakia ku pikipiki, tukaenda Kinindo kwanza, juu mulango wa bleu ni rahisi kuliko kipara. Ilikuwepo tatu ya bleu. Ku ile ya tatu, mulinzi akatoa kichwa, kijana wa heshima, ametia koti licha ya jua.

“Mwaramutse. Munamutafuta nani?”

“Sha, kijana, hapa kuna bidoni ya njano yenye kiraka nyekundu,” Twalibu akasema. “Iko na esansi. Itoe inje ya nyumba sasa hivi.”

Mulinzi akacheka kidogo, kwa adabu. “Mzee, umekosea nyumba. Patron, bosi wetu, hawezi. Yeye anafanya kazi mu projet, anafundisha watu hatari ya magendo. Wiki iliyopita alisema ku redio. Yeye anapinga hiyo mambo sana.”

Nyuma yake mulango wa garaji ulikuwa wazi kidogo, na ndani, mu giza, kitu ilikuwa inadondoka. Tone. Kisha tone. Pasi ya umeme ilikuwa ku meza pale pale, na shati la patron.

“Mi pia napinga,” Twalibu akasema. “Napinga kuliko yeye. Angalia mukono wangu, kisha ufungue.”